Balkani mpaka Ugiriki: kigrupu chenye mwongozaji au ujiendee mwenyewe? Nimepita njia ileile mara mbili

Nimeulizwa hili swali mara nyingi na ndugu na marafiki wa Dar na wa huku Ujerumani ninakoishi, sa nimeona niandike kila kitu sehemu moja. Njia yenyewe ni hii: Split na Dubrovnik kule Kroatia, alafu Mostar na Sarajevo ndani ya Bosnia, Kotor kule Montenegro, Tirana ya Albania, Ohrid ya Masedonia Kaskazini, alafu unashuka Ugiriki unamalizia Athens. Mara ya kwanza ilikuwa Septemba 2023, nikapanda mabasi ya kawaida na begi mgongoni. Mara ya pili Mei 2025, nikalipia kigrupu, watu 12 kwenye kosta, dereva mmoja na mwongozaji mmoja, dada wa Sarajevo mwenye miaka arobaini na kitu.

Jibu langu nalitoa mapema ili usisubiri mpaka mwisho: Balkani, yaani Kroatia mpaka Masedonia Kaskazini, nenda na kigrupu, Ugiriki nenda mwenyewe. Sio lazima uchague kimoja kwa safari nzima. Watu wengi wanadhani ni ama hiki ama kile, kumbe unaweza kununua kigrupu kinachoishia Ohrid au Thessaloniki (mji wa kaskazini ya Ugiriki) alafu ukajitegemea kuanzia hapo, na utaokoa hela nyingi tu. Ila kuna mtu ambaye hilo halimfai na ntasema ni nani.

Kwanza viza, kwa sababu hapa ndipo safari nyingi za watu wetu zinapofia na hakuna kigrupu kitakachokuokoa. Kroatia iliingia Schengen (zile nchi za Ulaya zinazotumia viza moja na hazikaguani mipakani) tarehe 1 Januari 2023, siku hiyohiyo wakaacha sarafu yao iliyoitwa kuna wakaanza kutumia euro. Ugiriki ni Schengen ya siku nyingi. Katikati yake sasa, Bosnia, Montenegro, Albania na Masedonia Kaskazini zote ziko nje. Yaani ukitoka Kroatia umetoka Schengen, ukifika mpaka wa Ugiriki unaomba kuingia tena kwa mara ya pili. Kama viza yako ni ya kuingia mara moja, kwenye stika pameandikwa 01, basi ile moja ulishaitumia uliposhuka eyapoti ya kwanza, mlango wa Ugiriki kwako umefungwa. Unahitaji ile iliyoandikwa MULT, yaani ya kuingia mara nyingi.

Hii sio hadithi ya kusikia. Binamu yangu alitoka Dar mwaka 2023 tuje tupige hii njia pamoja, tumekaa Split tunakunywa chai tunapanga mabasi, nikamwambia hebu nione pasipoti yako, nikaona 01. Mkeka wote ukachanika pale pale. Kilichotuokoa ni kwamba tulikuwa hatujavuka popote. Na hata kutoka Split kwenda Dubrovnik kulikuwa na mtego, maana Bosnia ina kipande kidogo cha pwani pale Neum kinachoikata Kroatia vipande viwili, zamani kila basi lilipita hapo, ndani ya nchi nyingine. Toka Julai 2022 kuna daraja la Pelješac, kilomita mbili na nusu hivi juu ya bahari, unapita juu unabaki Kroatia muda wote. Ila uliza kabla ya kukata tiketi basi linapita wapi, kwa sababu njia ya zamani ya Neum bado ipo. Tulilipata la darajani, tukafika Dubrovnik, binamu akapanda ndege mpaka Athens bila kugongewa muhuri wowote maana ni Schengen kwa Schengen, mimi nikaendelea peke yangu na mabasi tukakutana huko baadae. Nilikuwa na kibali changu cha ukaazi cha Ujerumani, nacho nchi zote nne za katikati waliniruhusu kuingia nacho.

Kwa mwenye viza ya MULT, hizo nchi nne kwa kawaida zinakukubali bila kuomba viza zao, kwa siku chache, na kila moja ina sharti lake, kwa mfano Albania wanataka viza yako uwe umeshaitumia kuingia Schengen kabla ya kwenda kwao. Masharti yanabadilika, soma tovuti ya wizara ya mambo ya nje ya kila nchi wiki ya kuondoka na uprinti ule ukurasa. Bima nayo iangalie, ile ya euro 30,000 unayonunua kwa ajili ya viza mara nyingi inahusu Schengen tu, ukivunjika mguu Sarajevo unalipa mwenyewe.

Na hapa kwenye ulinganisho: je, kigrupu kinasaidia viza? Kidogo sana. Kampuni inakupa barua yenye majina ya hoteli na tarehe, hiyo ni nzuri kwenye maombi, inaokoa kazi ya kubuku hoteli kumi. Lakini kwenye masharti yao wanaandika wazi kwamba viza ni juu yako, na ukirudishwa mpakani kosta inaendelea na hela yako hairudi. Msidanganyane kwamba ukilipa kigrupu viza wanashughulikia wao.

Mpakani wenyewe ndio tofauti inaanza kuonekana. Nilipokuwa peke yangu, kwenye mpaka mmoja kondakta alikusanya pasipoti za basi zima, zikarudi zote kasoro yangu. Nikaitwa kwenye chumba kidogo, unaenda wapi, unalala wapi, una hela kiasi gani, onyesha tiketi ya kurudi, nani unamjua huku. Dakika arobaini. Basi zima linanisubiri, wamama wamekaa na mifuko yao wananitazama dirishani, na mimi mkono unatetemeka kutafuta makaratasi kwenye simu isiyo na bando. Walinirudishia na wakasema safari njema, hawakunitukana wala nini, lakini ile hali ya kuwa mtu pekee anayecheleweshwa mbele ya watu hamsini inachosha roho. Na mipaka kwenye hii njia iko mitano, sasa piga hesabu mwenyewe.

Na kigrupu, mwongozaji alishuka na pasipoti 12 na orodha ya majina na hoteli, akaongea nao kwa lugha yao, yangu waliigeuzageuza, wakamuuliza kitu, akajibu, zikarudi zote. Mpaka tunavuka wa mwisho sikuwahi kuitwa chumbani. Kwangu mimi hiyo peke yake ilikuwa na thamani ya sehemu kubwa ya hela niliyolipa, na ndio sababu ya kwanza ninawaambia wenye pasipoti kama yangu waende na kigrupu ule upande wa Balkani. Mwenye pasipoti ya Uingereza au Kanada hilo kwake ni dogo, atapima kwa mengine.

Hela sasa. Peke yangu, siku 16, vitanda vya hosteli na vyumba vya nyumbani kwa watu, mabasi, msosi na viingilio, nilitumia kama euro 1,300, bila ndege. Kigrupu siku 14 nililipa euro 2,650, bila ndege pia, na hiyo ilikuwa hoteli, kifungua kinywa, usafiri wote na baadhi ya matembezi. Chakula cha mchana na usiku juu yako, viingilio vingi juu yako, tipu ya dereva na mwongozaji juu yako, mwisho wa siku ikawa 3,200 hivi. Karibu mara mbili na nusu. Sio hela ya kuchezea, kwa mtu anayelipwa kwa shilingi ndio usiseme.

Alafu kuna kitu wanaita nyongeza ya chumba cha peke yako. Bei unayoiona kwenye tangazo ni ya kulala wawili chumba kimoja. Ukienda peke yako ama unapangiwa mtu wa jinsia yako usiyemjua ama unaongeza mamia ya euro. Mimi nilipangiwa mama mmoja mstaafu wa Australia, tulielewana vizuri sana mpaka leo tunaandikiana, lakini ni bahati, ungeweza kupata mkoromaji. Waswahili tunapenda kusafiri na ndugu, basi nendeni wawili, hilo tatizo linaisha.

Kuhusu chenji: Kroatia, Montenegro na Ugiriki ni euro (Montenegro wanaitumia ingawa hawamo Umoja wa Ulaya), Bosnia wana maki yao, mbili kasoro kidogo kwa euro moja, Albania lek, Masedonia Kaskazini dinari yao. Simu nayo, laini ya Ujerumani au nchi nyingine ya Umoja wa Ulaya inafanya kazi Kroatia na Ugiriki kama upo nyumbani, ukivuka Bosnia inaanza kukula hela, zima data kabla ya mpaka ununue simkadi ya pale. Kwenye kigrupu mwongozaji alitukumbusha haya yote kila tulipokaribia kuvuka. Peke yangu niliyajua baada ya kuunguza euro 30 kwa asubuhi moja.

Usafiri. Balkani treni za kuunganisha nchi na nchi karibu hakuna, ukitoa moja moja. Mostar kwenda Sarajevo kuna treni inapita bonde la mto Neretva, masaa mawili hivi, kama unaenda mwenyewe hiyo usiikose, maji ya kijani chini, milima juu, mahandaki kila baada ya dakika chache, kigrupu chetu kilipita barabarani nikasikitika. Mengine ni mabasi, na mabasi yapo ila ratiba ya mtandaoni na ya ukweli ni vitu viwili tofauti, nenda stendi siku moja kabla ukaulize kwa mdomo.

Albania nikajikuta nyumbani kabisa. Kuna vibasi wanaita furgon, ni hiace zetu, vingi vinasubiri abiria wajae, kuna mtu nje anaita jina la mji, unalipa keshi ndani. Na Tirana haina stendi moja kuu, inategemea unaenda upande gani, kwaiyo usikubali tu kushushwa "stendi", uliza ipi. Kwa aliyezoea Ubungo na Magufuli stendi hii haimsumbui.

Pagumu kweli ni Ohrid kwenda Ugiriki. Ukitazama ramani ni karibu mno, Meteora, zile monasteri za Ugiriki zilizo juu ya majabali, ni mwendo wa masaa manne matano kwa gari. Kwa basi mimi ilibidi nipande juu mpaka Skopje, mji mkuu wa Masedonia Kaskazini, masaa matatu na kitu, nibadilishe nishuke tena Thessaloniki, masaa mengine manne, siku nzima imekwenda, kesho yake basi za KTEL (mabasi ya mikoani ya Ugiriki) kupitia Trikala mpaka Kalambaka, mji ulio chini ya Meteora. Kosta ya kigrupu ilikata moja kwa moja kupitia Bitola, tukaondoka saa mbili asubuhi, jioni tunaangalia jua linazama kwenye majabali ya Meteora. Siku mbili dhidi ya moja. Kama likizo yako ni wiki mbili tu hilo ni jambo kubwa.

Sasa niongelee kitu ambacho kwangu ndicho kilinibadilisha mawazo, na sikukitegemea.

Sarajevo, pale Baščaršija mji wa kale, kuna mnara wa saa pembeni ya msikiti wa Gazi Husrev-beg, wenyewe wanauita sahat-kula. Mwaka 2023 nilipita chini yake labda mara sita, nikaangalia saa, nikalinganisha na simu, haviendani hata kidogo, nikasema hii mbovu, nikaendelea na safari yangu. Mei 2025 dada mwongozaji akatusimamisha pale akasema hii saa sio mbovu, inahesabu kwa jua kuzama, jua likizama mishale inasoma kumi na mbili, ilikuwa kwa ajili ya kujua muda wa magharibi, na kuna mtu kazi yake ni kuirekebisha kwa sababu machweo yanahama mwaka mzima. Wazungu wote kwenye kigrupu wakashangaa inakuwaje. Mimi nikapiga kelele, yaani kweli nilipiga kelele pale barabarani, nikawaambia sisi tunahesabu hivyohivyo, jua likizama kwetu ni saa kumi na mbili! Yule dada akanishika mkono. Amefanya kazi hii miaka mingi, akasema hajawahi kumpata mgeni ambaye hakuhitaji kuelezwa mara ya pili.

Jioni ile tukakaa kwenye kahawa, wanakuletea kibirika kidogo cha shaba, kahawa nzito bila maziwa, na kipande cha lokum pembeni, mimi mtu wa Tanga nikaona hii si kahawa na kashata tu jamani. Tukaanza kuorodhesha maneno. Saa wanasema sahat. Kahawa, kahva. Sanduku, sanduk. Sabuni, sapun. Duka, dućan. Na wakisalimiana Waislamu wa pale wanasema merhaba, nikamweleza kwamba kwetu marahaba anaitikia mkubwa akipewa shikamoo. Mengi kwao yaliingia na Waturuki, kwetu yalikuja na Waarabu kupitia baharini, tumekutana katikati kwenye kibirika cha kahawa. Mimi ningepita Sarajevo mara kumi peke yangu nisingelipata hilo.

Alafu kuna ile sehemu nzito. Mji ule ulizingirwa kuanzia Aprili 1992 mpaka Februari 1996, siku 1,425. Barabarani utakuta mashimo madogo yamejazwa rangi nyekundu, wanayaita mawaridi ya Sarajevo, ni pale bomu lilipoanguka na watu wakafa. Mwaka 2023 nilikanyaga moja bila kujua. Mwongozaji wetu alikuwa mtoto wa miaka tisa vita ilipoanza, alitupeleka kwenye handaki walilochimba chini ya uwanja wa ndege mwaka 1993, mita 800 hivi, ndilo lililoingiza chakula na dawa, na akatueleza jinsi mama yake alivyokuwa anakwenda kuteka maji na yeye anahesabu dakika mpaka arudi. Hakuna aliyesema neno kwenye kosta baadae. Mostar hivyohivyo, daraja la mwaka 1566 limepigwa makombora likaanguka tarehe 9 Novemba 1993, la sasa limefunguliwa Julai 2004, wengi wanapiga picha na vijana wanaoruka mtoni wanaondoka. Kule kote ukipata mwenyeji anayekubali kukueleza, unaona mji mwingine kabisa na ule uliouona mwenyewe.

Unaweza kusema si nakodi mwongozaji wa siku moja tu kila mji? Ndio, na kama bajeti imebana hiyo ni njia nzuri sana ya katikati. Sarajevo na Mostar kuna matembezi ya mguu ya masaa mawili matatu, mengine unalipa unachoona kinafaa mwishoni. Ukikosa kigrupu, angalau hiyo miji miwili usiipite bila mwenyeji, na Tirana pia kwa ajili ya yale mahandaki ya Enver Hoxha, dikteta wao wa zamani, maana nchi nzima imejaa vibanda vya zege vya kujikinga na vita na bila mtu wa kukueleza utaona zege tu.

Upande wa pili sasa, kwa haki kabisa, kigrupu kina gharama isiyo ya hela, nayo ni muda sio wako. Siku 14 nchi sita. Kila baada ya siku mbili unafunga begi. Kotor tulilala usiku mmoja, tukafika saa kumi jioni, nikakimbia ngazi za ile ngome ya juu, ziko zaidi ya 1,300, nikashuka gizani na miguu inatetemeka, asubuhi tumeondoka. Mwaka 2023 nilikaa Kotor siku tatu, nikapanda asubuhi mapema kabla meli za watalii hazijatia nanga, juu nilikuwa mimi na paka na mzee anauza maji.

Na Ohrid. Ohrid ndio ilinipa shida kuamua. Lile ziwa ni la kale sana, ni ukoo mmoja na Tanganyika letu kwa namna hiyo, maziwa machache duniani yameishi muda mrefu hivyo mpaka yakawa na samaki na viumbe ambao hawapatikani kwingine. Kina chake karibu mita 290, Tanganyika linalimeza mara tano, lakini maji yake meupe unaona mawe chini. Peke yangu nilipanga kulala usiku mmoja nikakaa minne. Mama mwenye nyumba alikuwa ananipikia asubuhi, mchana naogelea chini ya kanisa la Mtakatifu Yohana pale Kaneo, jioni natembea. Siku hizo nne sikuzipanga na ndizo ninazozikumbuka zaidi katika safari ile. Na kigrupu tulikuwa na mchana mmoja na kiboti cha saa moja, nikawa naangalia lile jiwe nililokuwa nakaa, na kosta inapiga honi.

Kwaiyo kama wewe ni mtu wa kukaa mahali mpaka muuza mkate akujue, kigrupu kitakuumiza. Huyu ndiye nilisema jibu langu halimfai. Huyu, kama ana viza safi na ana wiki tatu nne, ajiendee mwenyewe, achague nchi mbili au tatu tu, akodi mwongozaji wa siku pale kwenye historia nzito.

Watu wa kwenye kigrupu nao wanahusu. Wengi ni wastaafu au wafanyakazi wa ofisini kutoka Australia, Kanada, Marekani, Uingereza, kila kitu kinaongelewa kwa Kiingereza cha haraka, kama Kiingereza kinakupa tabu utakuwa mpweke mezani. Mimi nilikuwa mweusi pekee. Hawakunibagua, walikuwa watu wema kweli, ila siku za kwanza nilijibu maswali mengi ya simba na Kilimanjaro. Nilipokuwa peke yangu kwa upande mwingine niliongea zaidi na wenyeji. Vijijini Albania watu wanakutazama sana, watoto wanaomba picha, lakini walinikaribisha, mzee mmoja Mostar aliposikia Tanzania akasema "Nyerere!" akagonga kifua, maana kizazi chake kilikua enzi za Tito, kiongozi wa Yugoslavia, na nchi zisizofungamana na upande wowote, mkutano wao wa kwanza ulikuwa Belgrade mwaka 1961, hayo majina wanayajua. Kwenye kigrupu wenyeji wanaongea na mwongozaji, wewe unasimama nyuma.

Chakula kwa Waislamu: Bosnia raha, ćevapi ni nyama ya ng'ombe au kondoo kwenye mkate, bureki (vitafunio vya unga vyenye nyama ndani) zipo kila kona, na Sarajevo sehemu nyingi zimeandika halali, lakini sio zote, uliza. Kroatia, Montenegro ya pwani na Ugiriki ndio uangalie, nguruwe yuko kwenye menyu nyingi, samaki watakuokoa. Albania watu wengi wanadhani kwa kuwa Waislamu ni wengi kila kitu ni halali, sivyo, dini yoyote ilipigwa marufuku kule mwaka 1967 na misikiti ikafunguliwa tena karibu na 1991, kwaiyo mazoea ya watu ni tofauti. Kigrupu ukiwaandikia mapema wanapanga, na mwongozaji wetu alikuwa ananiambia muda wa kusimama ili niswali bila mimi kuomba.

Ugiriki sasa, na hapa nitakuwa mfupi kwa sababu ni rahisi. Vibao vya barabarani viko kwa herufi zao na zetu, Kiingereza kinaongelewa karibu kila mahali kwenye utalii, mabasi ya KTEL yanafika kila mji, kutoka eyapoti ya Athens mpaka katikati ni metro ya euro 9, meli za visiwani unapanda bandari ya Piraeus. Haina haja ya mtu kukushika mkono. Kinachohitaji akili ni Akropoli tu, yale magofu ya kale juu ya kilima pale Athens: toka Aprili 2025 tiketi ni euro 30, unachagua saa ya kuingia mtandaoni, na wameweka kikomo cha watu 20,000 kwa siku, chukua ile ya asubuhi kabisa, kiangazi joto likizidi wanafunga mchana. Meteora wadada vaeni sketi au mbebe kanga (kanga yangu ilifanya kazi nzuri kuliko vitambaa vya mlangoni), na kila monasteri kati ya zile sita ina siku yake ya kufunga, angalia kabla. Siku nne za mwisho za kigrupu chetu Ugiriki nilikuwa nalipa bei ya Balkani kwa kitu ambacho mimi na binamu tulikifanya 2023 kwa nusu ya hiyo hela na bila presha.

Mabasi makubwa ya watu 40 na kitu ni bei nafuu kidogo kwa siku, lakini kushuka na kupanda tu ni nusu saa na mwongozaji anaongea kwa maiki, mi sikushauri. Kukodi gari kunafaa kama mko wanne, ila kampuni nyingi zinatoza ziada ya kuvuka mipaka, nyingine Albania hazikubali, na kulirudisha nchi nyingine ni hela nyingi sana.

Ukiamua kigrupu, kabla ya kulipa waulize haya: idadi ya juu kabisa ya watu ni ngapi (zaidi ya 16 hicho sio kigrupu tena), mwongozaji ni mwenyeji wa wapi na anakaa nanyi mpaka mwisho au anabadilishwa kila nchi, sehemu gani mnalala usiku mmoja tu, viingilio gani vimo kwenye bei, na kama wana safari inayoishia Ohrid au Thessaloniki. Mwezi chagua Mei, mwanzo wa Juni, au Septemba. Julai na Agosti Dubrovnik ni foleni na jua, na tiketi ya kupanda ukuta wa mji wa kale peke yake ni kama euro 40, uilipe alafu usukumwe, hapana.

Mimi mwakani nataka kumleta mama. Ana miaka 67, magoti yanamsumbua, ana ndoto ya kuuona ule msikiti wa Sarajevo toka nilipomwonyesha video ya ile saa. Nimeshaongea na kampuni ya kigrupu kidogo cha siku tisa, Dubrovnik mpaka Ohrid, watu 10. Ohrid tutashukia tukae siku tano kwa yule mama mwenye nyumba, nimeshamwandikia, alafu tutaruka Athens kutoka Skopje ili asikae kwenye basi siku nzima. Viza yake tunaomba ya MULT na barua ya kampuni nimeiweka juu kabisa ya faili.